Matunda ya Kipupwe na Jinsi ya Kuyachanganya

Isaka ni mji mdogo wa mkoa wa Shinyanga, katika njia ya reli itokayo Tabora kwenda Mwanza. Reli hiyo ilifika Mwanza mwaka 1928. Siku hizi mji huo wajulikana kwa bandari kavu yake, iliyowekwa ili mizigo itokayo Dar es Salaam kwa reli ipakiwe katika malori ya kwenda Rwanda na Burundi.

Katika nchi hiyo mvua hukoma karibu na mwezi wa Mei, wala hazirudi mpaka Oktoba au Novemba. Miezi ya Juni, Julai na Agosti ndiyo kipupwe. Usiku na alfajiri kuna baridi, upepo mkavu huvuma, na adhuhuri jua huwaka sana. Mtama na mahindi yamekwisha kuvunwa, nyasi zimekauka, na mboga mbichi ni haba. Wasukuma walijua tangu zamani kuweka akiba ya wakati huo. Viazi vitamu hukatwa vipande na kuanikwa, navyo huitwa michembe. Majani ya kunde nayo huanikwa, yakaitwa nsansa. Akiba hiyo ni njema, maana huondoa njaa. Lakini majani yaliyokaushwa juani hupungukiwa na kitu kimoja ambacho mwili hauwezi kukikosa. Kitu hicho chapatikana tele katika matunda mabichi.

Watu wengi hudhani kwamba hakuna matunda mpaka maembe yaive wakati mvua zirudipo. Sivyo. Kipupwe kina matunda yake, na atazamaye vizuri atayaona.

MATUNDA YA MAJIRA HAYO

Kwanza kuna matunda ya nyumbani. Mpapai huzaa hata katika kiangazi ukipata maji kidogo. Ndiyo sababu watu wenye busara huupanda karibu na mahali pa kuogea, ili maji yaliyotumika yasipotee bure. Mpera nao ni mti mvumilivu. Katika mabonde yenye unyevu watu hulima matikitimaji baada ya mvua.

Pili kuna matunda ya sokoni. Machungwa mengi ya Tanzania hutoka Muheza katika mkoa wa Tanga, na kipupwe ndicho majira yake makubwa. Ndizi huletwa kutoka Kagera. Mananasi hutoka Geita, ambako si dhahabu peke yake itokayo katika ardhi.

Tatu kuna matunda ya porini. Mkwaju huivisha maganda yake ya rangi ya kahawia, yenye nyama chachu ndani. Wasukuma hutia uchachu huo katika uji. Mbuyu hupukutisha majani, na matunda yake huonekana yakining'inia juu ya matawi matupu kama taa zilizozimika. Buyu lina gamba gumu lenye manyoya laini. Likivunjwa, ndani mna unga mweupe mkavu ulioshikamana na mbegu. Huo ndio ubuyu. Na kipupwe kikiisha, matonga huanza kuiva katika misitu ya miyombo. Ganda lake ni gumu kama la kibuyu na nyama yake ni tamu, lakini mbegu zake hazitafunwi.

KWA NINI MWILI WATAKA MATUNDA

Hapo zamani mabaharia wa Ulaya waliosafiri miezi mingi walikuwa wakila mkate mkavu na nyama ya chumvi tu. Wengi walishikwa na ugonjwa wa kiseyeye. Ufizi ulivimba na kutoka damu, meno yalilegea, vidonda vya zamani vilifumuka tena, na mwisho watu walikufa. Mwaka 1747 tabibu mmoja Mskoti, jina lake James Lind, aliwachukua wagonjwa 12 katika manowari iliyoitwa Salisbury, akawagawanya wawili wawili. Chakula chao kilikuwa kimoja, lakini dawa zilikuwa mbalimbali. Wawili walipewa siki, wawili maji ya bahari, na wengine dawa nyingine. Wawili walipewa machungwa na malimau kila siku. Baada ya siku 6 mmoja wa hao wawili wa mwisho aliweza kurudi kazini, na mwenzake alikuwa amepata nafuu kubwa kuliko wagonjwa wote waliosalia. Hata hivyo wakubwa hawakufanya haraka. Ilikuwa mwaka 1795 ndipo jeshi la majini la Uingereza lilipoamuru mabaharia wake wapewe maji ya malimau.

Kitu kilichowaponya watu hao sasa chaitwa vitamini C. Mwili wa mwanadamu hauwezi kuitengeneza wala kuiweka akiba ya muda mrefu. Hapana budi iletwe na chakula mara kwa mara. Moto huiharibu, na jua na hewa vilevile. Kwa mtoto chungwa moja la kadiri latosha siku nzima. Pera lina vitamini hiyo nyingi kuliko chungwa, na unga wa ubuyu nao hulishinda chungwa la uzito uleule.

Tena iko faida nyingine. Katika maharage, choroko na majani ya kunde kuna madini ya chuma, yatakiwayo kwa kutengeneza damu. Lakini mwili hupata shida kuyatwaa madini hayo kutoka katika mimea. Vitamini C ikiwamo tumboni wakati uleule, kazi hiyo huwa nyepesi. Kwa hiyo bakuli la matunda huliwa vema pamoja na ugali na nsansa, na kila kimoja humsaidia mwenziwe.

USAFI KWANZA

Chakula kilichopikwa kimesafishwa na moto. Matunda mabichi hayakupita motoni, basi usafi wake wategemea mikono na maji ya mtengenezaji. Kuhara, homa ya matumbo na kipindupindu huingia kinywani kwa njia hiyo. Tangu mwaka 2009 maji ya ziwa la Victoria huletwa kwa bomba kutoka Ihelele mpaka Kahama na Shinyanga. Lakini ziko kaya ambazo bado huteka visimani na malamboni, na maji ya lambo hunywewa na ng'ombe pia.

Basi maji yachemshwe mpaka yatokote kweli, kisha yapozwe katika chombo chenye kifuniko. Mikono ioshwe kwa sabuni. Kisu na ubao vioshwe. Matunda yaoshwe kabla ya kumenywa, hata yale ambayo ganda lake hutupwa, kwa maana kisu kipitacho katika ganda chafu huuchukua uchafu mpaka ndani.

NAMNA YA KUTENGENEZA

Kwa watu 8 hutakiwa papai 1 la kadiri, machungwa 5, mapera 4, ndizi mbivu 4, kipande cha tikitimaji, ukwaju kiasi cha ngumi ya mtoto, unga wa ubuyu vijiko 2 vikubwa, na asali kijiko 1 kikubwa. Nanasi likipatikana, na liongezwe. Tunda moja likikosekana, kazi haiharibiki.

Kwanza ukwaju ulowekwe katika kikombe cha maji yaliyochemshwa. Baada ya nusu saa ufikichwe kwa vidole, mbegu na nyuzi zitolewe, na maji yake yachujwe. Unga wa ubuyu na asali vitiwe humo na kukorogwa mpaka visiwe na madonge.

Pili papai, tikitimaji na mapera yakatwe vipande vidogo vilivyo sawa, yapata upana wa kidole gumba. Mbegu za papai na za tikitimaji ziondolewe. Machungwa yamenywe, yatolewe kokwa, yakatwe juu ya bakuli lenyewe ili maji yake yasipotee.

Tatu maji ya ukwaju yamiminwe juu yake, na yote yageuzwe polepole kwa mwiko. Mwisho kabisa ndizi zikatwe na kutiwa, kwa sababu ndizi ni laini na hupondeka upesi. Bakuli lifunikwe kwa kitambaa safi, nzi wasitue, kisha likae kivulini robo saa. Baada ya hapo huliwa. Mchanganyiko huu haulali. Usiku ukiingia nao bado upo, usiwekwe kwa ajili ya kesho. Tena mtoto asiyetimiza mwaka mmoja asipewe asali hata kidogo, kwa kuwa yaweza kumletea ugonjwa wa hatari.

Bakuli lifaalo ni la udongo au la kioo. Sufuria tupu ya madini haifai, maana uchachu hula madini na kuharibu ladha.

KAZI YA UCHACHU

Mtu aweza kuuliza, kwa nini kutia ukwaju katika matunda matamu? Ziko sababu mbili. Ya kwanza ni ladha: utamu mtupu huchosha ulimi, na uchachu huuamsha. Ya pili yaonekana kwa macho. Kata ndizi moja vipande viwili. Kimoja kipake maji ya ukwaju, kingine kiache vivi hivi. Baada ya muda kile kilichoachwa kitageuka rangi na kuwa cha kahawia. Kisu kilipokata kilifungua nyama ya tunda, na vitu vilivyomo vikakutana na hewa, vikabadilika. Uchachu huizuia kazi hiyo. Ndimu hufanya vivyo hivyo, lakini ukwaju waweza kuokotwa bila fedha.

Tena atazamaye bakuli ataona kwamba maji yameongezeka. Hayakumwagwa na mtu. Asali ikigusa vipande vya matunda huyavuta maji yaliyo ndani yake, yakatoka nje na kuchanganyika. Hiyo ndiyo robo saa ya kungoja.

MITI YENYEWE

Mkwaju na mbuyu havinunuliwi dukani, wala havikui kwa mwaka mmoja. Katika karne iliyopita miti mingi ya Usukuma ilikatwa, kwa kutaka mashamba, kuni, na kuwafukuza mbung'o. Nchi ikawa tupu na upepo ukachukua udongo. Mwaka 1986 ilianzishwa kazi iliyoitwa HASHI, yaani Hifadhi Ardhi Shinyanga, nayo iliendelea mpaka mwaka 2004. Haikuleta jambo geni. Watu walihimizwa kuirudia desturi yao wenyewe ya ngitili, yaani kutenga sehemu ya malisho isiguswe mpaka kiangazi kikali. Katika ngitili nyasi zilirudi, na miti ikarudi pamoja nazo.

Aukataye mkwaju apate mkaa hupata fedha mara moja tu. Auachaye huokota kila kipupwe, na wajukuu wake baada yake. Mgonjwa wa kiseyeye katika manowari ile alikuwa mbali na nchi kavu, wala hakuwa na mti wa kuutazamia. Mtoto wa Isaka anao. Kazi yake ni kuulinda, kuosha mikono, na kula.

MASWALI

1. Kipupwe ni miezi gani, na mboga mbichi huwaje wakati huo?
2. Ni wagonjwa gani wa James Lind waliopata nafuu kuliko wote, nao walipewa nini?
3. Kwa nini nsansa na matunda mabichi hufaa kuliwa pamoja?
4. Kwa nini tunda huoshwa hata kama ganda lake litatupwa?
5. Eleza jaribio la vipande viwili vya ndizi. Lifanye nyumbani, kisha andika uliyoyaona.
6. Taja matunda ya porini yaliyo karibu na kijiji chako, na mwezi ambao kila moja huiva.