Nguruwe Aliyelipa Kodi

Leo tutazame chakula cha Ayalandi: nyama ya nguruwe na matofaa.

Karne ya 19 mkulima maskini wa huko alifuga nguruwe, akamlisha viazi. Lakini kumla? Thubutu! Alimwuza ili amlipe bwanyenye kodi ya shamba. Ndiyo maana nguruwe aliitwa bwana mlipa kodi. Mwaka 1845 ugonjwa uliozesha viazi. Watu wakafa njaa, na nguruwe nao wakakosa chakula.

Siku hizi wanampika hivi. Wanachukua mnofu mrefu, wanaupasua katikati bila kuuachanisha. Ndani wanajaza makombo ya mkate, kitunguu na matofaa yaliyokatwakatwa. Matofaa machachu, kama yale ya Armagh, ndiyo mazuri, maana uchachu unapunguza ukinaifu wa mafuta. Kisha wanafunga kwa uzi na kuoka kiasi cha saa moja. Zamani akina mama wa huko walitumia chungu cha chuma, makaa chini na makaa juu ya kifuniko, kama sisi tunavyopalia wali.

Tunaoila tusidanganywe na harufu. Tuichome kwa kisu: ikiwa bado nyekundu ndani, irudi motoni. Tegu hukaa katika nyama isiyoiva.