Krioli na Kumbukumbu za Familia: Mfano wa Visiwa vya Karibi

Mtahiniwa, swali la krioli huwapotezea wengi alama kwa sababu moja. Wanaandika kwamba krioli ni pijini iliyopata wazawa, kisha wanaweka nukta. Wazawa hao ni akina nani? Waliipataje lugha hiyo? Hapo ndipo penye alama.

Chukua Jamaika. Waafrika waliopelekwa huko utumwani walitoka katika jamii nyingi zenye lugha tofauti. Mashambani walielewana kwa maneno ya Kiingereza waliyoyatamka na kuyapanga kwa namna yao. Watoto waliozaliwa kisiwani waliikuta lugha hiyo midomoni mwa mama zao, ikawa lugha yao ya kwanza. Hiyo ndiyo Patwa. Msamiati wake mwingi ni wa Kiingereza, lakini "ninyi" kwa Kipatwa ni *unu*, sawa kabisa na Kiigbo cha Nigeria.

Pamoja na maneno zilivuka hadithi. Anansi, buibui mjanja wa Waakan wa Ghana, bado anasimuliwa Jamaika. Ni ndugu wa Sungura wetu kwa hila. Hakuna mtumwa aliyebeba kitabu. Bibi alisimulia, mjukuu akashika, naye akazeeka akasimulia.

Lakini shule zilifundisha kwa Kiingereza, na Patwa ikaitwa Kiingereza kibovu. Wazazi wengine waliwakanya watoto wasiizungumze ili wapate kazi nzuri. (Nadhani unawajua wanafunzi wanaoona haya kuongea kilugha mbele ya wenzao.) Mjukuu asiyeielewa lugha ya bibi hukosa hadithi na utani wake pia. Louise Bennett, mshairi aliyeishi kati ya 1919 na 2006, aliandika na kughani kwa Patwa wakati wasomi wengi waliidharau.

Haiti ilipata uhuru mwaka 1804, lakini Kikrioli chake, kinachozungumzwa na karibu kila raia, kilifanywa lugha rasmi sambamba na Kifaransa katika katiba ya 1987.

Angalizo: usiandike kwamba Kiswahili nacho ni krioli kwa sababu tu kina maneno ya Kiarabu. Sarufi yake ni ya Kibantu.

Swali la mazoezi: "Lugha ya nyumbani ni ghala la historia ya familia." Jadili kwa kutumia mifano kutoka Jamaika na Haiti. (Alama 15)