Msanii Anayemsikiliza Bibi Yake

Kipupwe kilichopita tulimzika bibi yetu hapa Sumbawanga. Usiku wa tatu wa msiba wajukuu walikusanyika, kila mmoja akiitafuta sauti yake katika simu. Picha zilikuwepo tele: bibi na biharusi, bibi na vitukuu, bibi amesinzia kibarazani. Sauti haikupatikana hata ya dakika moja. Mwanamke aliyeweza kueleza, kijiji kwa kijiji, jinsi walivyokuwa wakishuka kwa miguu kutoka nyanda za juu za Ufipa hadi Kasanga kufuata samaki, aliondoka na njia yake.

Ndiyo maana tumeona vema kumtaja katika ukurasa huu msanii Rehema Chachage. Alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1987, akahitimu masomo ya sanaa katika Chuo Kikuu cha Cape Town mwaka 2009. Kazi zake si filamu za kununuliwa sokoni, wala si maigizo tuliyoyazoea. Ni video, sauti, maandishi na matendo anayoyafanya mwenyewe mbele ya watazamaji. Anayekwenda akitarajia kisa chenye mwanzo na mwisho huenda akatoka akikuna kichwa, nasi hatumlaumu.

Hata hivyo, chimbuko la kazi hizo si geni kwetu. Rehema hukusanya masimulizi ya wanawake wa ukoo wake, akishirikiana na bibi yake na mama yake, Demere Kitunga, ambaye ni mchapishaji wa vitabu. Baba yake, marehemu Profesa Seithy Chachage aliyefariki mwaka 2006, alikuwa mwanasosholojia wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na mtunzi wa riwaya ya Makuadi wa Soko Huria. Binti wa nyumba yenye vitabu namna hiyo angeweza kutosheka na maktaba. Akaona pia haja ya kuketi na bibi, kwani mengi ya wanawake hayakuandikwa popote. Waliosoma elimu ya hadithi watatuelewa: habari huulizwa kwanza imepokewa kwa nani.

Wapo wazazi watakaouliza iwapo yafaa binti asimame mbele ya kamera na mbele ya watu. Swali hilo ni la haki, na kila nyumba ina mipaka yake. Ila kuwasha kinasa sauti cha simu jikoni, bibi akipepeta ulezi, hakuhitaji jukwaa.

Mdogo wa marehemu bibi yetu bado yu hai, anaishi Matai. Jumamosi iliyopita tulimfuata na simu iliyojaa chaji. Alituomba tusubiri abadili kanga. Tukamweleza kuwa tunanasa sauti tu, hatupigi picha. Akaibadili vilevile, akaketi, akaanza na jina la kijito cha kwanza.