Mombo, Lango la Reli la Wakazi wa Lushoto

MJI wa Lushoto hauna kituo cha reli, lakini wakazi wake wana reli. Takribani kilomita 33 kutoka mjini humo, barabara inayoshuka kupitia Soni hufika Mombo, wilayani Korogwe, inakopita reli iendayo Moshi na Arusha. Kwa msafiri wa Milima ya Usambara Magharibi, Mombo ndicho kituo chake.

Sababu ya reli kutopanda mlimani ni mwinuko. Lushoto ipo karibu mita 1,400 juu ya usawa wa bahari, yaani takribani mita 1,000 juu ya Mombo. Gurudumu la chuma juu ya reli ya chuma hubeba mzigo mkubwa kwa nguvu kidogo katika tambarare, lakini hukosa mshiko wa kutosha kwenye mwinuko mkali. Kwa hiyo njia iliwekwa chini ya milima. Hata magogo ya Shume, enzi za Wajerumani, yaliteremshwa kwa nyaya za kuning'inia hadi kituo cha Mkumbara, ndipo yakapakiwa kwenye treni.

Ujenzi ulianza Tanga mwaka 1893 chini ya kampuni binafsi. Reli ilifika Muheza mwaka 1896, fedha zikaisha, na mwaka 1899 serikali ya kikoloni ikaichukua. Ilifika Moshi mwaka 1911 na Arusha mwaka 1929. Hata hivyo, msafiri wa Mombo hakuweza kufika Dar es Salaam kwa treni hadi mwaka 1963, kilipokamilika kipande cha kutoka Mnyusi hadi Ruvu kinachoiunganisha njia hiyo na Reli ya Kati.

Baada ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya awali kuvunjika mwaka 1977, uendeshaji wa reli nchini ulikabidhiwa kwa Shirika la Reli Tanzania (TRC). Miaka iliyofuata, abiria na mizigo vilihamia barabarani, na treni ya abiria ya Kaskazini ikasitishwa kwa zaidi ya miongo miwili. Baada ya ukarabati, treni za mizigo zilirejea kati ya Tanga na Moshi Julai 2019. Treni ya abiria kutoka Dar es Salaam ilifika Moshi Desemba mwaka huo, na Oktoba 2020 safari zikaendelezwa hadi Arusha.

Historia hiyo inaonesha kuwa njia ya mikoani haijitegemei kwa nauli za kituo kimoja. Tuta, madaraja na mataruma huhitaji matengenezo yaleyale, treni ikiwa imejaa au ikiwa tupu. Mzigo unaopita juu ya reli hiyohiyo ndio unaosaidia kubeba gharama ambazo nauli peke yake haziwezi kuzifikia.

Changamoto hiyo si ya Tanzania pekee. Nchini Japani, shirika la reli la taifa liligawanywa mwaka 1987 kuwa kampuni sita za abiria kwa kanda na moja ya mizigo. Kampuni ya kisiwa cha Hokkaido, chenye theluji nyingi na vijiji vyenye watu wachache, imelazimika kufunga baadhi ya njia zake kwa kukosa abiria.

Kwa wananchi wa Lushoto, Bumbuli na Korogwe, uhai wa reli una pande mbili. Upande wa kwanza ni matumizi: mfanyabiashara au msafiri anayepanga safari anashauriwa kuthibitisha ratiba na nauli katika kituo cha TRC kilicho karibu naye kabla ya kushuka mlimani. Upande wa pili ni ulinzi: kutolima wala kujenga ndani ya hifadhi ya reli, kutochimba mchanga kando ya tuta, na kutoa taarifa mapema maji ya mvua yanapokula udongo chini ya reli. Taarifa ya mkazi mmoja inaweza kufika kabla ya treni.