Permi moja, wenyewe wawili: Manono na shamba la mkulima

Wandugu wahitimu na wanafunzi, wengi wananiuliza: wewe mwagronome, mambo ya permi za madini yanakuhusu nini? Yananihusu juu madini iko chini ya udongo, na juu ya udongo huo kuko muhogo wa mtu.

Tuanze na sheria. Kode ya madini ya 2002, iliyorekebishwa 2018, inasema madini ni ya Leta. Anayetafuta anaomba permi ya utafiti: miaka 5, inaongezwa mara moja tu. Akipata kitu, anaomba permi ya kuchimba: miaka 25. Maombi yanapita kwa CAMI, ofisi ya kadasta ya madini; anayetangulia kufika njo anatangulia kusikilizwa. Kisha waziri anatia sahihi.

Kesi zinatokea pale watu wawili wanadai karé moja, ao waziri anaondoa permi, ao wenye kampuni ya pamoja hawapatani juu ya hisa.

Tuchukue Manono, katika Tanganyika, kwenye lithiamu. AVZ Minerals ya Australia ilifanya utafiti kupitia Dathcom, kampuni yake ya pamoja na Cominière, kampuni ya Leta. Mwaka 2021 Cominière iliuza hisa 15% kwa Zijin ya China; AVZ ikapinga. Mwaka 2023 permi ya utafiti ikafutwa, na sehemu ya kaskazini ikapewa kampuni ya Cominière na Zijin. AVZ ikapeleka Leta mbele ya waamuzi wa kimataifa, kwa CIRDI, Washington.

Kode inatoa njia tatu za kulalamika: kwa utawala, kwa tribinali, na kwa waamuzi. Kampuni kubwa iko na maavoka wa kupita njia zote. Mkulima je?

Kode ile ile inamlazimisha mwenye permi kumlipa fidia ya haki mtu aliyenyimwa udongo wake. Lakini permi ikiwa kortini, kila upande unaweza kusema: ngojea mwingine njo akulipe. Muhogo unangojea mwaka moja ao moja na nusu, kisha unaoza. Muchikichi unachukua miaka karibu mine mbele ya kuzaa. Kesi inaweza kupita hiyo yote.

Hapa kuko kazi yetu. Mashine mbele haijafika, tupime shamba na GPS, tuhesabu miti, tuandike aina na umri wake, tupige picha zenye tarehe, chefu na majirani watie sahihi. Kopi moja ibaki kwa mwenye shamba, ingine kwa chefu. Mwenye permi anaweza kubadilika mara tatu, karatasi hiyo haibadilike.

Na rejista za CAMI ziko wazi kwa kila mtu. Muende muangalie ni jina gani limeandikwa juu ya kijiji chenu. Tusingojee kulisikia kwa mwenye kuja na tingatinga.