Tajiri wa Benki, Farasi wa Polo na Chai ya Kapkatet

Mwezi wa Novemba mwaka 2022 ulileta misiba miwili ambayo magazeti mengi hayakuiweka pamoja. Tarehe mosi alifariki Wilson Kiprugut Chumo, mwanajeshi mstaafu wa Kericho, akiwa na umri wa miaka 84. Siku sita baadaye alifariki Sir Evelyn de Rothschild, tajiri wa benki wa London, akiwa na miaka 91.

Wote wawili walikuwa wanamichezo, ila mmoja alikimbia kwa miguu yake na mwingine alicheza juu ya mgongo wa farasi. Katika makala haya tutasimulia maisha ya huyo wa pili, kwa sababu fedha za nyumba yake zimepita karibu na mlango wetu mara nyingi kuliko watu wanavyodhani. Kisha tutampandisha kwenye mizani pamoja na yule wa Kericho.

NYUMBA YA FEDHA

Ukoo wa Rothschild ni wa Kiyahudi, asili yake mji wa Frankfurt huko Ujerumani. Mzee wao, Mayer Amschel, alikuwa mvunja fedha na mfanyabiashara. Alikuwa na watoto watano wa kiume, na biashara yao ikaenea miji mitano: Frankfurt, London, Paris, Vienna na Naples. Mfalme aliyetaka fedha za vita, au serikali iliyotaka kujenga reli, ilibisha hodi kwao.

Yule wa London aliitwa Nathan. Mwaka 1833 Waingereza walipopitisha sheria ya kukomesha utumwa katika makoloni yao, walikubali kulipa fidia ya pauni milioni 20. Hazina haikuwa na fedha hizo, basi mwaka 1835 Nathan na shemeji yake, Moses Montefiore, wakaikopesha pauni milioni 15. Fidia hiyo walipewa mabwana. Mtumwa hakuambulia hata senti. Sisi wa pwani hatuna haja ya kushangaa, kwani serikali ya Kiingereza ilipokomesha utumwa katika pwani ya Kenya mwaka 1907, waliolipwa vilevile walikuwa mabwana.

Mwaka 1875 ukoo huu ulikaribia bahari yetu zaidi. Khedive Ismail wa Misri alikuwa amezama katika madeni, akaamua kuuza hisa zake za Mfereji wa Suez. Waziri Mkuu wa Uingereza, Disraeli, alizitaka, na bunge lilikuwa likizoni. Akamwendea Lionel de Rothschild, akapata mkopo wa pauni milioni 4. Jambo la ajabu ni kwamba katika miezi ileile Khedive huyohuyo alikuwa ametuma manowari zake kuiteka Barawa na Kismayu, bandari za Sayyid Barghash wa Unguja. Waingereza wakamshikiza aondoke. Mtu anayedaiwa hawezi kuwa mbishi. Miaka saba baadaye, mwaka 1882, Misri yenyewe ikakaliwa na majeshi ya Kiingereza.

Wasomaji wengi wanalijua jina la Rothschild kwa sababu nyingine. Barua ya Balfour ya tarehe 2 Novemba 1917, iliyowaahidi Wayahudi makao katika Palestina, iliandikwa kwa Walter Rothschild. Huyu Walter aliwahi kufanya kazi katika benki ya ukoo, lakini moyo wake ulikuwa kwa wanyama. Alifunga punda milia kwenye gari lake akapita nao katika mitaa ya London. Twiga wanaoonekana Nakuru na Lang'ata, wale wenye miguu myeupe chini kama waliovaa soksi, waliitwa kwa jina lake.

Zipo pia hadithi nyingi za uongo zilizozushwa juu ya ukoo huu, kwamba wao ndio wanaoendesha dunia kwa siri. Mambo yanayojulikana kwa ushahidi yanatosha kabisa. Hayahitaji kutiwa chumvi.

KIJANA WA FARASI

Evelyn alizaliwa tarehe 29 Agosti 1931. Alipewa jina la ami yake, ambaye alijeruhiwa vitani huko Palestina akiwa katika kikosi cha wapanda farasi, akafa Novemba 1917, mwezi uleule wa barua ya Balfour. Wakati wa Vita Kuu ya Pili mtoto huyo alipelekwa Marekani kwa muda. Baadaye alisoma Harrow, kisha Chuo Kikuu cha Cambridge, alikotoka bila shahada.

Hapana shaka wazee wake walisikitika, lakini kijana alikuwa na mambo yake: magari ya kasi, mbio za farasi na polo. Hakuingia benki mpaka mwaka 1957.

Polo si mchezo wa masikini. Kila upande una watu wanne, kila mmoja juu ya farasi na gongo refu mkononi, wakigombea kuupiga mpira mdogo upite baina ya miti miwili. Mchezo hugawanywa vipindi vya dakika saba hivi, na farasi aliyemaliza kipindi hupumzishwa, akaletwa mwingine. Kwa hiyo mchezaji mmoja huhitaji farasi kadhaa, wachungaji wa farasi, na uwanja mpana kuliko viwanja kadhaa vya kandanda. Hapa Kenya mchezo huo umechezwa Nairobi na Gilgil, na walioucheza hawakuwa watu wa kuhesabu nauli.

Hata hivyo polo haikuzaliwa Uingereza. Ulikuwa mchezo wa Waajemi. Katika uwanja mkuu wa Isfahan nguzo za mawe za goli zimesimama mpaka leo. Sultani Qutb-ud-din Aibak, aliyeanza maisha akiwa mtumwa akaishia kuitawala Delhi, alikufa Lahore mwaka 1210 kwa kuanguka kutoka kwenye farasi akicheza mchezo huu. Wala mashindano ya farasi si mageni kwa Waislamu, kwani yalifanywa Madina enzi za Mtume (s.a.w.). Na sisi ambao farasi kwetu ni wachache tunayo mashindano ya punda ya Lamu, ambayo mshindi wake hutembea kifua mbele mwaka mzima.

Waingereza waliujulia mchezo huu katika mashamba ya chai. Katika milima ya Cachar, karibu na Manipur, walima chai wa Kiingereza waliwaona wenyeji wakicheza, wakauiga, na mwaka 1859 wakaanzisha klabu yao katika mji wa Silchar. Kutoka huko ukapelekwa kwa maofisa wa jeshi, kisha London, mpaka ukawafikia vijana wa kitajiri kama Evelyn. Basi polo na chai ni ndugu waliolelewa nyumba moja.

MWENYE FUNGUO

Kijana aliyependa starehe akageuka mtu wa kazi. Baba yake, Anthony, alifariki mwaka 1961, na mwaka 1976 Evelyn akawa mwenyekiti wa benki ya N M Rothschild. Papo hapo ukazuka ugomvi na ndugu yake wa ukoo, Jacob. Jacob alitaka benki ikuzwe kwa kuunganishwa na wengine. Evelyn alitaka funguo zibaki mikononi mwa familia. Mwaka 1980 Jacob akaondoka akajitegemea. Watu wa mirathi watalielewa jambo hili bila kuelezwa.

Serikali ya Bi. Thatcher ilipoanza kuuza mashirika ya umma, benki hiyo ilikuwa miongoni mwa washauri wake, kama katika uuzaji wa shirika la gesi mwaka 1986. Mtindo huo wa kuuza mashirika ulienea, ukafika mpaka Afrika yetu katika miaka ya 1990. Evelyn alikuwa pia mwenyekiti wa gazeti la The Economist tangu 1972 hadi 1989, akaongoza kampuni ya viwanja vya mbio za farasi, na mwaka 1989 akapewa cheo cha Sir.

Liko jambo moja linalowahusu akina mama wa Mombasa na Lamu. Tangu mwaka 1919, bei ya dhahabu ya dunia ilikuwa ikipangwa katika ofisi za benki hii. Watu watano walikaa mezani, kila mmoja na kibendera kidogo mbele yake. Aliyetaka mashauri yasimame aliinua kibendera. Bei waliyokubaliana ndiyo iliyokwenda Dubai na Bombay, na hatimaye ikamfikia sonara wetu. Baba wa bwana harusi aliyeguna dukani hakujua kwamba bei ile ilikuwa imetoka katika chumba kile cha London. Benki ilijitoa katika shughuli hiyo mwaka 2004, mwaka mmoja baada ya Evelyn kustaafu.

KULE KAPKATET

Sasa tupande bara. Kapkatet ni mji mdogo wa Kericho, kwenye njia ya kutoka Litein kwenda Sotik. Mvua haikosekani, na kilima baada ya kilima ni chai tupu. Makampuni makubwa ya Kiingereza, Brooke Bond na James Finlay, yaliingia Kericho katika miaka ya 1920. Yalikuja na ujuzi wa India, penye mashamba yale yaliyozaa polo ya Waingereza. Ardhi waliyopewa ilikuwa na wenyewe, na malalamiko ya Wakipsigis na ya ukoo wa Talai juu ya ardhi hiyo hayajesha mpaka leo.

Lakini Kapkatet inajulikana pia kwa wakulima wadogo. Hawa huchuma majani mawili na chipukizi, wakaubeba mzigo mpaka kituo cha kupimia, ukapelekwa kiwandani. Hulipwa kidogo kila mwezi, na mwisho wa mwaka hungojea bonasi. Chai yao husafirishwa mpaka Mombasa, ikapigwa mnada kwa dola. Inayokwenda Uingereza kwa miaka mingi ilipita Suez, katika mfereji uleule ambao hisa zake zilinunuliwa kwa mkopo wa Rothschild.

Mkulima huyu naye anaijua benki, ila anaijua kutoka upande wa pili wa meza. Akikopa ada ya shule, bonasi huliwa kabla haijafika. Bei ikishuka mnadani, deni halishuki pamoja nayo. Khedive alikuwa na majumba na manowari na bado riba ilimtoa kitini. Itakuwaje kwa mwenye nusu ekari? Waislamu wanajua kwa nini dini yao imeonya juu ya riba. Wasio Waislamu wa Kapkatet wanajua kwa kuionja.

MIZANI

Na Kiprugut? Askari huyu alishiriki mbio za mita 800 mjini Tokyo mwaka 1964, akashika nafasi ya tatu nyuma ya Peter Snell na Bill Crothers. Hiyo ilikuwa medali ya kwanza ya Olimpiki katika historia ya Kenya. Mwaka 1968 huko Mexico alishika nafasi ya pili, kwa tofauti ya nukta mbili tu za sekunde nyuma ya Ralph Doubell, ambaye siku hiyo aliifikia rekodi ya dunia.

Polo ya Evelyn ilimpa furaha, na hakuna wa kumlaumu kwa kupenda farasi. Lakini iliishia kwake. Mbio za Kiprugut ziliwafungulia njia mamia ya vijana. Wengi wao walitoka katika vilima hivihivi, na hawakuhitaji kununua farasi wa kubadilisha.

Evelyn ametuachia funzo pia. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari, na nyumba yake ilidumu zaidi ya miaka mia mbili kwa sababu ya daftari na kwa kuushikilia ufunguo. Wakulima wa Kapkatet wanalo daftari, kwani tangu mwaka 2000 shirika la wakulima wadogo wa chai limekuwa kampuni yao wenyewe, na hisa ziko kwa majina yao. Iliyobaki ni kuhakikisha anayeishika kalamu hawapunji, na kwamba siku ya mnada Mombasa wanayo sauti ya kuinua kibendera chao.