Kusimamishwa Kazi Si Kunyimwa Chakula

Aghalabu watu wakisikia kuwa mtumishi wa Serikali amesimamishwa kazi, hudhani amekwisha kufukuzwa. Sivyo. Aliyesimamishwa bado ni mtumishi wa yule aliyemsimamisha: hana ruhusa ya kutafuta kazi kwingine, na akiitwa mbele ya baraza la uchunguzi sharti aende. Basi muda huo yeye na watoto wake watakula nini? Swali hili lilifika hata Mahakama ya juu kabisa ya India, na vijana wetu wanaotarajia kuandikwa kazi za Serikali yafaa walijue jibu lake.

Kisa ni cha ofisa wa ulinzi katika migodi ya dhahabu ya Kolar, mali ya Serikali ya India. Tarehe 2 Juni 1985 polisi waliipekua nyumba yake, wakasema wamekuta kidonge cha dhahabu cha gramu 4.5 na mchanga wenye dhahabu, gramu 1,276. Kesho yake akasimamishwa kazi, na keshokutwa akaletewa hati ya mashtaka ya kikazi, hali kesi ya jinai nayo yamngoja kortini. Aliomba uchunguzi usubiri hukumu ya korti, kwa kuwa mambo ni yale yale na mashahidi ni wale wale. Wakuu wake wakakataa.

Tena posho ya kujikimu hakupewa. Naye ni mgonjwa, yuko kwao Kerala, na baraza linakaa Kolar. Nauli ataitoa wapi? Wakaamua shauri yeye hayupo, na mwezi wa Juni 1986 wakamfukuza. Februari 1987 korti ya jinai ikamwachia huru, maana hata huo upekuzi wenyewe haukuthibitika. Aliporejea kwa wakuu wake na hukumu hiyo mkononi, hawakumkubali.

Kesi ikapanda na kushuka mahakamani miaka mingi, hata tarehe 30 Machi 1999 majaji wa mwisho wakanena. Walisema kuwa kumnyima posho mtu aliyesimamishwa ni kuugusa uhai wake, ambao Katiba ya India inaulinda. Na uchunguzi ambao hakuweza kuuhudhuria kwa ajili ya ufukara haufai kitu. Nami naona hapo ndipo penye kiini: wamwitaje mtu aje kujitetea, hali wewe ndiwe uliyemfungia mfuko?

Wakaamuru arudishwe kazini mara moja, alipwe mishahara yote tangu siku aliyosimamishwa, na juu yake rupia 25,000 za gharama ya kesi. Haki ilikawia, kwani migodi ya Kolar yenyewe ilifungwa mwaka 2001.

Mwaka 2015 Mahakama hiyo hiyo iliweka mpaka: kusimamishwa kusizidi miezi mitatu iwapo mtu hajapewa hati ya mashtaka. Walakini ofisa aliyeifikisha kesi hiyo, aliyesimamishwa tangu 2011, hakufaidika nayo, kwa kuwa hati yake ilikuwa imekwisha kumfikia.